Kiti Kimoja cha Mahakama ya Mifereji

Hapo zamani, karatasi zilipokuwa zimekwisha kufika milimani na magari bado, palikuwa na nchi iitwayo Usendwe. Ilikuwa nchi ya miteremko na migomba, na maji yake yote yalishuka kutoka kileleni kwa mifereji iliyochimbwa na mababu. Kila mtu alikunywa maji yaliyopita kwanza katika shamba la mtu mwingine. Kwa hiyo kila mtu alikuwa na ugomvi na jirani yake, na kila ugomvi ulipelekwa mji wa Ilongo, kwenye Mahakama ya Mifereji, ambako palikuwa na hakimu mmoja tu na kiti kimoja.

Kiti hicho ndicho habari yetu. Watu watatu walikitaka. Nitawataja kwa majina yao kamili, kwa maana majina hayo yalikosewa mara nyingi wenyewe walipokuwa hai. Wa kwanza ni Sengati mwana wa Kiondo, wa kijiji cha Chanjale. Wa pili ni Nakunde binti Mrindoko, wa Vumbwi. Wa tatu ni Togolani mwana wa Kadeghe, wa Mpirani.

Lakini kabla ya watu hao ilikuwapo kanuni. Baraza la Mahakimu, ambalo ndilo lililoajiri, lilikuwa na kanuni iliyoitwa Kanuni ya Kukaa Kando. Ilisema hivi: anayetaka kuwa hakimu atakaa miaka mitatu peke yake katika mojawapo ya nyumba za mawe zilizo juu ya mgongo wa mlima. Atapika mwenyewe. Hataingia nyumbani kwa mtu. Hatakwenda arusini wala mazikoni. Akisalimiwa ataitikia, lakini hataongeza neno. Akimaliza miaka mitatu bila kosa, jina lake litaandikwa, na kiti kitakapokuwa wazi kitakuwa chake.

Sababu ya kanuni ilijulikana. Usendwe ilikuwa nchi ndogo, na kila mtu alikuwa shemeji wa mtu. Baraza liliona kwamba hakimu mwenye jirani ana upande.

Sasa msikilizeni Sengati.

Sengati mwana wa Kiondo alipanda mlimani akiwa na miaka ishirini na sita. Alibeba sufuria, blanketi na kitabu cha sheria. Mwaka wa kwanza alipika, akasoma, akalala. Mwaka wa pili alipika, akasoma, akalala. Mwaka wa tatu, ulipobaki miezi miwili, dada yake aitwaye Nakiva alikuja akasimama nje ya ua wa mawe, kwa sababu hakuruhusiwa kuingia.

"Kaka," alisema, "mama ametutoka. Tunamzika leo mchana."

Sengati alisimama mlangoni.

"Sikuombi useme," Nakiva akaendelea. "Shuka tu. Simama kaburini kama mtu aliyezaliwa. Nani atakwenda kukushtaki? Mimi?"

"Nimesikia, dada," alisema Sengati. Hilo lilikuwa itikio, na kanuni iliruhusu itikio.

Nakiva alimtazama. "Umesikia," alisema. "Haya. Nitamwambia mama kwamba umesikia."

Mchana Sengati alikwenda ukingoni mwa mlima. Chini aliiona Chanjale, aliyaona mapaa ya majani, aliwaona watu wadogo kama punje wakizunguka shimo. Waliomzika mama yake walimwona pia, amesimama juu akiwa peke yake. Hakuna aliyeinua mkono. Walipomaliza na kutawanyika, Sengati alirudi akamenya ndizi, akazipika, akazimimina katika sahani. Hakuzila.

Alimaliza miaka mitatu bila kosa. Baraza likaandika jina lake. Lakini kiti hakikuwa wazi. Alikikalia Hakimu Kisamo, ambaye alikuwa mzee ila mwenye afya. Sengati akaambiwa asubiri. Akashuka, akapanga chumba Ilongo, akasubiri mwaka mmoja, akasubiri wa pili, akasubiri wa tatu.

Kanuni ilikuwa imekwisha kwake, lakini hakuna aliyewatangazia watu. Walikuwa wamezoea kutomwalika, wakaendelea kutomwalika. Arusi zilipita mbele ya mlango wake na ngoma zake. Alipokwenda kununua chumvi, mwenye duka alimpa chumvi, akatazama pembeni kwa heshima. Nakiva alikuwa amehamia kwa mumewe, mbali, na hakuandika. Sengati alianza kujisemesha mwenyewe wakati wa kupika, si kwa wazimu, bali ili sauti isimpotee.

Huyo ndiye Sengati. Sasa msikilizeni Nakunde.

Nakunde binti Mrindoko alikuwa karani wa Hakimu Kisamo kwa miaka kumi na mmoja. Alimsomea mashauri, kwa sababu macho ya hakimu yalikuwa yamepungua nguvu, naye akaandika hukumu. Hakimu alikuwa akisema, "Andika, mfereji ni wa watu wa juu." Nakunde alikuwa akisema, "Mheshimiwa, mwaka juzi tuliandika ni wa watu wa chini." Hakimu alikuwa akisema, "Basi andika ulivyoandika mwaka juzi." Wenye mashauri walijua hayo yote, na walimwamkia Nakunde kabla ya kumwamkia hakimu.

Baba yake, Mzee Mrindoko, alikuwa amepooza upande mmoja. Hakula ila kwa mkono wa bintiye. Alipolishwa na mtu mwingine alifumba kinywa kama mtoto. Mama alikuwa amekwisha kufa, na ndugu hawakuwapo.

Nakunde aliandika barua ya kuomba uhakimu. Baraza likamjibu: waombaji wote wakae kando. Akaandika tena, akiomba apande na baba yake. Baraza likajibu: nyumba ni ya mtu mmoja. Ndipo Nakunde akaandika barua ya tatu, na hiyo hakuipeleka Baraza. Aliipeleka Mahakama Kuu. Alilishtaki Baraza la Mahakimu, akidai kwamba kanuni yake si halali.

Jambo hilo halikuwa limefanyika tangu Usendwe iwe Usendwe. Siku ya pili tarishi alimletea barua ya kumsimamisha kazi, kwa kuwa karani hawezi kukaa katika ofisi anayoishtaki. Shauri likachukua miaka mitano. Mara hakimu ni mgonjwa. Mara mvua imekata njia. Mara jalada halionekani, na lilipoonekana lilikuwa limekaliwa na mtu mnene miezi saba bila yeye kujua.

Katika miaka hiyo mitano, siku moja Nakunde alikwenda sokoni akamkuta rafiki yake wa utotoni, Namwai, anauza maharage.

"Namwai, habari za siku?"

"Nzuri. Unataka kibaba kimoja au viwili?"

"Nimekuuliza habari, mwenzangu. Maharage yatafuata."

Namwai alitazama huku na huku. "Nakunde, nakupenda. Lakini usinisimamie hapa. Mume wangu ana shauri la mfereji, na wale wa Baraza wana macho."

"Watakuona unauza maharage tu."

"Watakuona wewe unanunua kwa muda mrefu." Kisha akajaribu kucheka. "Ungekwenda tu ukakaa huko juu miaka yako mitatu, ungekuwa umekwisha kushuka sasa. Ona, umekataa kukaa peke yako, na uko peke yako."

Nakunde alichukua kibaba kimoja, akaenda zake.

Mwaka wa nne Mzee Mrindoko alifariki. Waliokuja mazikoni walikuwa sita, na wawili kati yao walikuwa wachimba kaburi. Siku ya tatu tarishi wa Baraza alifika, akavua kofia, akatoa pole. Kisha akasema aliyotumwa.

"Dada Nakunde, wakubwa wanasema hivi. Shauri lako lilikuwa juu ya mzee. Sasa mzee amepumzika. Futa shauri, upande kando, na baada ya miaka mitatu jina lako litaandikwa. Hawana kinyongo."

"Waambie nimeshukuru," alisema Nakunde. "Na waambie kuna mtu mwingine mwenye baba."

"Nani?"

"Simjui."

Tarishi alivaa kofia yake. "Dada, unateseka kwa ajili ya mtu usiyemjua?"

"Kaka, ningemjua, wangesema namtetea ndugu yangu."

Mwaka wa tano shauri likasikilizwa. Mahakimu walikuwa watatu, na mkubwa wao alikuwa Hakimu Mkuu Shemndolwa mwana wa Kimweta. Wote watatu walikuwa wamekaa kando ujanani mwao. Wakili wa Baraza, Bwana Senkoro, alisimama akapangusa miwani.

"Waheshimiwa," alisema, "mlalamikaji anataka kanuni ifutwe kwa kuwa haimpendezi. Mimi pia mvua ya mwezi huu hainipendezi, lakini sijaishtaki."

Watu walicheka. Nakunde alingoja wamalize.

"Mvua haikutungwa na Baraza," alisema.

Watu walicheka tena, kwa sauti kubwa zaidi, mpaka bawabu wa mahakama, aitwaye Mbazi, akagonga sakafu kwa fimbo.

Nakunde akasema, "Waheshimiwa, naomba kuuliza. Ninyi nyote mlikaa kando. Katika miaka ile mitatu mlijifunza neno gani la sheria ambalo hamkulijua mlipokuwa huku chini?"

Hakimu wa kushoto alitazama kucha zake. Hakimu wa kulia alitazama dirishani. Shemndolwa alifikiri, kisha akajibu, "Nilijifunza kunyamaza."

"Mheshimiwa," alisema Nakunde, "kunyamaza nimejifunza miaka mitano hii, na sikupanda mlima."

Hukumu ilitolewa baada ya siku arobaini. Ilisema kwamba sheria ya kwanza ya nchi ilitaka jambo moja tu, kwamba hakimu asifungwe na fadhila ya mtu aliye mbele yake. Sheria haikusema asiwe na mama, wala asiwe na meza ya kukaa na watu. Kanuni ilikuwa imedai zaidi ya sheria iliyoizaa, kwa hiyo kanuni ni batili. Nakunde arudishwe kazini. Kiti kitakapokuwa wazi, mtu yeyote aombe, na wote wafanyiwe mtihani mmoja.

Hukumu hiyo ilikuwa na kurasa kumi na moja. Haikusema neno hata moja juu ya mtu aliyekwisha kukaa kando na ambaye jina lake limekwisha kuandikwa. Walimsahau. Mtu ambaye haonekani arusini wala mazikoni husahaulika kwa urahisi.

Mwezi huo huo Hakimu Kisamo alikufa, na kiti kikawa wazi.

Sasa msikilizeni Togolani.

Togolani mwana wa Kadeghe alikuwa mgawa maji wa kijiji cha Mpirani. Alikuwa na mke, na mama, na pacha wa miaka miwili, na mbuzi waliolala jikoni. Kazi yake ilikuwa kufungua na kuziba vijito, huyu apate asubuhi, yule apate jioni. Watu walipogombana walimwita kabla ya kwenda Ilongo, na wengi hawakufika Ilongo. Alikuwa amesoma kitabu cha sheria mpaka kikachanika. Hakuwahi kuomba uhakimu. Angewaacha wapi pacha na mama kwa miaka mitatu? Kanuni ilipofutwa aliandika barua siku hiyo hiyo, akaipeleka kwa miguu.

Mtihani ulikuwa shauri la kweli. Kijiji cha juu na kijiji cha chini vilitumia mfereji mmoja, na mwaka ule maji hayakufika chini. Wa chini walisema wa juu wanaiba. Wa juu walisema wao wenyewe hawapati. Waombaji wote watatu walipewa jalada na siku tatu.

Sengati aliandika sheria inavyosema, bila kukosea nukta. Nakunde aliandika sheria inavyosema, kisha akaonyesha mahali ambapo sheria imenyamaza, na hukumu gani za zamani zaweza kujaza kimya hicho. Togolani aliomba ruhusa ya kwenda kuuona mfereji. Aliufuata kutoka kileleni kwa miguu. Mpakani, kwenye kona ambayo si ya kijiji cha juu wala cha chini, aliona majani mabichi mengi wakati wa kiangazi. Ukingo ulikuwa umepasuka, na maji yalikuwa yakipotea bondeni. Wa juu hawakuuziba kwa sababu kona si yao. Wa chini hawakuuziba kwa sababu kona si yao. Togolani aliandika kurasa mbili: vijiji vyote viwili vizibe pamoja siku ya Jumanne, na kona iwe ya wote tangu siku hiyo.

Walioisahihisha mitihani walimweka Togolani wa kwanza, Nakunde wa pili, Sengati wa tatu. Wote watatu walikuwa wamefaulu.

Habari zilipofika Mpirani, watu walianza kuja kwa Togolani. Huyu na mkungu wa ndizi, yule na jogoo, mwingine na pongezi tupu. Togolani aliirudisha mikungu. Siku moja baba yake mdogo, Mzee Sangiwa, alikuja na asali.

"Mwanangu, pokea. Si rushwa. Ni asali."

"Baba mdogo, una shauri la mfereji Ilongo."

"Ninalo. Na wewe ni mtoto wa kaka yangu. Nimekubeba mgongoni. Nilikuwa na shauri ulipokuwa mgongoni?"

"Asali nitakula shauri litakapokwisha."

"Litakapokwisha," alisema Mzee Sangiwa, "nitakula mwenyewe." Akabeba chungu chake. Toka siku hiyo alipita mbele ya nyumba ya Togolani bila kugeuza shingo, na wajomba wakafuata, na majirani wakafuata. Mke wa Togolani alisema, "Hatujapata kiti na tayari hatuna watu." Mama akaanza kula amegeukia ukuta. Hivyo Togolani naye alianza kujifunza, akiwa katikati ya nyumba yenye watu watano, yale ambayo wengine walijifunza mlimani.

Baraza lilikuwa karibu kumteua Togolani. Ndipo Sengati, aliyekuwa hajapeleka dai lolote maishani mwake, akapeleka barua Mahakama Kuu. Ilikuwa na mistari minne: "Kanuni iliniahidi kiti. Nililipa chote ilichotaka. Hukumu imeifuta kanuni, haikunirudishia nilicholipa. Naomba ahadi itimizwe."

Na Nakunde naye, aliposikia kwamba Sengati ameandika, akaandika pia, akisema kwamba kama ahadi za zamani zitafikiriwa, basi na makosa ya zamani yafikiriwe. Miaka mitano iliyopita angefanya mtihani akiwa karani, na hakuna ambaye angemshinda.

Kwa hiyo Hakimu Mkuu Shemndolwa akawaita wote watatu, katika chumba cha mawe, asubuhi ya Alhamisi. Nje ya mlango wenye mashauri walikuwa wamejaa. Mahakama ya Mifereji ilikuwa haijakaa kwa wiki tisa, mahindi yalikuwa yakikauka, na watu wawili walikuwa wamekwisha kukatana mapanga kwa ajili ya zamu ya maji.

"Semeni," alisema Shemndolwa. "Kwa ufupi."

Sengati alisimama. Sauti yake ilikwama mwanzoni, kama mlango uliokaa siku nyingi bila kufunguliwa.

"Mheshimiwa, sikuitunga kanuni. Niliikuta. Mliniambia, fanya hivi upate hiki. Nilifanya hivi. Mama yangu alizikwa nikiwa juu, nikitazama. Leo mnaniambia haikuwa lazima. Kama haikuwa lazima, nirudishieni siku ile, nishuke nikatie udongo kaburini. Hamwezi. Basi nipeni mlichoahidi. Sina mke, sina rafiki, dada yangu hanisemeshi. Mimi nilitii. Kiti ni changu."

Nakunde alisimama.

"Mheshimiwa, namwonea huruma Sengati, lakini hakuna aliyemwambia asiulize. Mimi niliuliza. Kwa kuuliza nilinyang'anywa kalamu miaka mitano, na mtihani unaosema mimi ni wa pili umepima mkono uliokatazwa kuandika. Togolani aliingia kwa mlango ambao niliusukuma peke yangu, na waliokuwa wakipita waliona, wakaharakisha. Bila mimi pasingekuwa na mtihani. Mimi nilifungua. Kiti ni changu."

Togolani alisimama. Aliinamisha kichwa kwa wenzake wawili kwanza.

"Mheshimiwa, mimi sikukaa mlimani, na sikushtaki mtu. Yote waliyosema ni kweli. Lakini kiti si dawa ya kutibu walioumia. Kiti ni cha wale walioko nje ya mlango. Wasikilizeni. Wanataka mtu ajuaye maji yanapotelea wapi. Mlitupima, na mimi ndiye niliyeona. Kama mlitaka kupima mateso, mngetangaza mtihani wa mateso. Na mimi pia nina baba mdogo asiyenisalimu. Mimi naweza. Kiti ni changu."

Shemndolwa aliwatazama mmoja baada ya mwingine. Alikuwa mtu wa miaka sabini na mitatu. Hakuwa na mtoto. Kisha akauliza jambo ambalo halikuwa katika kanuni yoyote.

"Kila mmoja wenu anijibu hili. Tuseme nimekwisha kukunyima wewe. Kati ya wawili waliobaki, nimpe nani?"

Walitazamana. Walikuwa hawajatazamana hata mara moja asubuhi ile.

Sengati alijibu kwanza. "Mpe Nakunde," alisema.

"Yeye ndiye aliyeifuta kanuni yako."

"Ndiyo, mheshimiwa. Siku ile nilipokuwa ukingoni, nilitamani mtu mmoja tu katika nchi hii aseme kwamba jambo hili si sawa. Sikujua kwamba alikuwako Vumbwi, anamlisha baba yake."

Nakunde alifunika uso kwa mtandio. 

"Mpe Togolani," alisema.

"Umesema aliingia kwa mlango wako."

"Nilimwambia tarishi kwamba kuna mtu mwingine mwenye baba. Nilikuwa simjui. Ndiye huyu, ana mama, ana pacha. Akirudishwa nyumbani, shauri langu litakuwa karatasi kumi na moja tu."

Shemndolwa akamgeukia Togolani.

"Mpe Sengati," alisema Togolani.

"Aliyekuwa wa tatu?"

"Alifaulu, mheshimiwa. Nakunde amerudishiwa ofisi yake, kesho ataandika. Mimi nikinyimwa nitarudi Mpirani, baba mdogo ataniletea asali, tutacheka. Huyu akinyimwa atarudi wapi?"

Shemndolwa alihesabu majina kwa vidole, akarudi pale alipoanzia. Akawaambia watoke wakangoje nje.

Walitoka. Palikuwa na benchi moja ukumbini, fupi, na wenye mashauri walikuwa wameliacha wazi kwa heshima. Sengati alikaa mwisho mmoja, Togolani mwisho wa pili, Nakunde akabaki amesimama.

"Kaa, dada," alisema Sengati. Akasogea.

Nakunde alikaa katikati. Mbazi, yule bawabu, alikuwa akila mahindi ya kuchoma nyuma ya mlango. Alipoona watu watatu wanamtazama, aliona haya, akavunja hindi moja vipande vitatu akawapelekea.

"Si rushwa," alisema. "Mimi sina mfereji. Nachota mtoni."

Togolani alicheka. Nakunde alicheka. Sengati alishika kipande chake kwa muda, akakitazama. Ilikuwa miaka sita na zaidi tangu ale chakula alichopewa na mtu mbele ya watu wengine.

"Chumvi imezidi," alisema.

"Ee! Umekuja kula bure na unalalamika?" alisema Mbazi. "Huyu kweli ni hakimu."

Wakacheka wote wanne, mpaka mtu mmoja kati ya wenye mashauri akageuka kuona kuna nini. Kisha wakazungumza. Sengati aliuliza Mzee Mrindoko alipenda kula nini. Nakunde aliuliza ni pacha yupi aliyezaliwa kwanza. Togolani aliuliza jina la mama yake Sengati, na Sengati akalitaja, Nasemba binti Kirisha, naye hakuwa amelitamka jina hilo kwa sauti tangu siku aliyozikwa.

Walijua, wote watatu, kwamba mlango utakapofunguliwa mmoja wao atainuka, naye hataruhusiwa tena kukaa kwenye benchi la wenye mashauri, wala kula cha mtu ukumbini. Hakuna aliyelitaja hilo. Walikula polepole.

Ndani ya chumba cha mawe Shemndolwa alikuwa na barua ya uteuzi mbele yake. Ilikuwa imekwisha kuandikwa yote, tarehe, salamu na muhuri, ikabakia nafasi ya jina moja. Alichovya kalamu katika wino. Wino ukakauka. Akachovya tena. Nje watu walianza kugonga mlango, wakipiga kelele kwamba maji yanapotea.

Yeye hakujua aandike nini, nami sikuambiwa aliandika nini. Kwa hiyo nawaachia ninyi mnaonisikiliza. Aliyetii kanuni mbaya akapoteza kila mtu, aliyeifuta kanuni hiyo akaachwa na kila mtu, na aliyeijua kazi kuliko wote. Mlango unagongwa, na wao watatu wako kwenye benchi. Kalamu ingekuwa mkononi mwako, ungemwinua nani, na ungewatazamaje wawili uliowaacha wamekaa?